Erich Korngold, Mtunzi wa Muziki wa Sinema



Mtu aendapo kutazama sinema hudhani ya kuwa kazi yote hufanywa na macho. Walakini mwambie mwenye mashine aondoe sauti ya muziki, ayaache maneno ya wachezaji peke yake, nawe utaona mara moja jinsi picha ile ile inavyopoa. Farasi ni wale wale, na panga zinagongana kama kwanza, lakini moyo wako umetulia kama maji ya mtungi. Maana yuko mtu aliyekaa chumbani, mbali na farasi na mbali na panga, akaandika sauti ya kila fidla na kila tarumbeta, akaipima kwa sekunde, ili moyo wako uende mbio pale apendapo yeye. Jina lake huandikwa mwanzoni mwa picha, wakati ambapo watazamaji wengi wangali wakitafuta mahali pa kukaa.

Jioni hii twataka kuwasimulia habari za mmoja wa watu hao, naye ni Erich Wolfgang Korngold. Wapo watunzi wengine waliotunga muziki wa picha nyingi kuliko yeye, kwa kuwa picha zake hazikufika hata ishirini na tano. Lakini tumemchagua kwa sababu kazi hii, ambayo mabingwa wa muziki wa Ulaya waliidharau, ilimwokoa yeye na jamaa zake. Na kazi hiyo hiyo ndiyo iliyomharibia jina mbele ya mabingwa hao.

Korngold alizaliwa tarehe 29 Mei 1897 katika mji uliokuwa ukiitwa Brünn, katika dola ya Austria. Siku hizi mji huo huitwa Brno, nao umo katika nchi ya Cheki. Wazazi wake walikuwa Wayahudi. Alipokuwa mdogo walihamia Vienna, na baba yake, Julius Korngold, akawa mwandishi wa habari za muziki katika gazeti kubwa la mji ule. Kazi yake ilikuwa kusikiliza muziki uliopigwa usiku na kuandika asubuhi kama ulikuwa mzuri au mbaya. Kalamu yake ilikuwa kali, na kwa ajili hiyo watunzi na waimbaji wengi walimwogopa, na wengine walimchukia. Jambo hili msilisahau, maana deni la baba lilikuja kudaiwa kwa mtoto.

Mtoto alikuwa hodari kupita kiasi. Alipokuwa na umri wa miaka tisa hivi alipelekwa mbele ya Gustav Mahler, mmoja wa watunzi wakubwa wa zamani zile, akampigia muziki alioutunga mwenyewe. Mahler alisema ya kuwa mtoto huyu ana kipaji cha ajabu, akashauri afundishwe na mwalimu Alexander Zemlinsky. Mwaka 1910 mchezo wake wa ngoma uitwao Der Schneemann, yaani Mtu wa Theluji, ulichezwa katika jumba kubwa la opera la Vienna, na Kaisari Franz Joseph mwenyewe alihudhuria. Mtunzi alikuwa na miaka kumi na mitatu, na muziki ule alikuwa ameutunga alipokuwa na miaka kumi na mmoja. Watu wengine hawakusadiki. Walinong'ona kwamba bila shaka baba ndiye aliyetunga, naye baba, kama inavyosimuliwa, aliwajibu ya kuwa angaliweza kutunga muziki kama ule asingalikuwa mwandishi wa gazeti.

Tarehe 4 Desemba 1920 opera yake iitwayo Die tote Stadt, yaani Mji Uliokufa, ilianza kuchezwa siku moja katika miji miwili ya Ujerumani, Hamburg na Cologne. Opera ni mchezo ambao wachezaji huimba maneno yao badala ya kuyasema. Korngold alikuwa na umri wa miaka ishirini na mitatu, na jina lake likaenea katika nchi nyingi. Kijana aliyefika kilele hicho mapema namna ile, twaweza kufikiri, hana haja ya kutafuta kazi ugenini.

Sasa tuseme kidogo juu ya sinema yenyewe. Hapo kwanza picha zilikuwa bubu, na muziki ulipigwa ndani ya ukumbi na mtu mwenye piano, au na kundi la wapigaji ikiwa ukumbi ni wa matajiri. Tangu mwaka 1927 picha zenye sauti zilianza kuvuma. Sauti iligeuzwa kuwa mwanga, mwanga ukaacha alama zake katika ukingo wa filamu, na mashine ilipoyamulika yale alama, sauti ikarudi kama ilivyokuwa. Hapo ndipo wenye sinema wa Hollywood, katika Marekani, walipohitaji watunzi wa kuandika muziki mpya kwa kila picha.

Mwaka 1934 mkuu wa michezo ya kuigiza Max Reinhardt, ambaye Korngold alikwisha kufanya kazi naye Ulaya, alikuwa akitengeneza kwa kampuni ya Warner Bros. picha ya mchezo wa Shakespeare uitwao A Midsummer Night's Dream. Mchezo ule ulikuwa na muziki wake wa zamani, uliotungwa na Mendelssohn, nao ulihitaji kupangwa upya upate kulingana na picha. Reinhardt akamwita rafiki yake. Husimuliwa kwamba Korngold alipofika aliuliza swali moja tu: futi moja ya filamu hupita kwa muda gani? Hesabu yake ni hii. Kila sekunde hupita picha 24, na katika futi moja mna picha 16. Basi futi moja hupita katika theluthi mbili za sekunde, na dakika moja hula futi 90. Korngold alipopata jibu, alisema kuwa huo ndio urefu wa hatua mbili za kwanza za kipande kimoja cha Mendelssohn. Hakuwa na haja ya saa; urefu wa muziki wote alikuwa nao kichwani. Tena alisimama karibu na wachezaji walipokuwa wakisema maneno yao, akawaongoza kwa mikono kama waimbaji, ili mwendo wa maneno ukubaliane na muziki utakaokuja baadaye.

Kazi yake baada ya hapo aliifanya kwa namna yake mwenyewe, nayo yafaa tuieleze. Watunzi wengine walipewa karatasi yenye hesabu: hapa mlango unafungwa, sekunde ya nne, hapa bunduki inalia, sekunde ya kumi. Wakaandika kwa kufuata hesabu hizo. Korngold alipenda kuingia katika chumba chenye giza, mkiwa na piano na pazia jeupe, akamwomba mwenye mashine amwonyeshe kipande kimoja cha picha tena na tena. Yeye alitazama na kupiga piano papo hapo, akibadilisha kila mara, hata muziki ukaikaa picha kama nguo iliyoshonwa na fundi aliyempima mtu mwilini. Kisha akaandika. Mpangaji, ambaye mara nyingi alikuwa Hugo Friedhofer, alimsaidia kugawanya sauti kwa vyombo vya okestra. Siku ya kutia sauti wapigaji walikaa ukumbini, picha ikaonyeshwa juu ya pazia, na Korngold mwenyewe akaongoza akiwa macho yako kwenye picha na mikono iko kwa wapigaji.

Ugumu mkubwa wa kazi hii si mapigano wala mbio za farasi. Hapo tarumbeta na ngoma zaweza kulia kwa nguvu zote. Ugumu ni pale watu wawili wanaposemezana polepole. Muziki ukizidi, maneno hayasikiki. Ukipungua mno, hauna faida. Korngold alisikiliza sauti ya mchezaji, kama ni nene au nyembamba, akaandika vyombo vyake mahali ambapo sauti ile haipo, juu yake au chini yake. Kwa maoni yake picha ya sinema ilikuwa kama opera isiyoimbwa. Wachezaji husema, na okestra huimba kwa niaba yao.

Picha yake ya kwanza yenye muziki wake mwenyewe wa namna hiyo ilikuwa Captain Blood, ya mwaka 1935, habari za daktari aliyegeuka haramia wa baharini. Alipewa majuma matatu hivi tu. Alipoona siku hazitoshi, aliingiza mahali pamoja muziki wa mtunzi wa zamani Franz Liszt. Na kwa sababu hiyo alikataa kuandikwa kuwa mtunzi wa muziki wote. Akataka jina lake liandikwe kuwa mpangaji tu, ingawa sehemu kubwa sana ilikuwa yake. Sisi twamsifu kwa hilo, maana katika mji ule watu waliopunguza sifa zao kwa hiari yao hawakuwa wengi.

Mwaka 1936 akatunga muziki wa picha iitwayo Anthony Adverse, nayo ikapata tuzo ya Oscar kwa muziki. Lakini kwa desturi ya wakati ule tuzo ilitolewa kwa mkuu wa idara ya muziki wa kampuni, Leo Forbstein, wala si kwa mtunzi. Kwa miaka hiyo Korngold alikuwa akienda Hollywood na kurudi Vienna. Nyumba yake ilikuwa Vienna, baba na mama walikuwa Vienna, na opera yake mpya, Die Kathrin, ilikuwa ikitazamiwa kuchezwa Vienna. Hollywood palikuwa mahali pa kupata fedha. Muziki wa kweli, kama baba yake alivyomkumbusha mara nyingi, ulikuwa Ulaya.

Mwezi wa Januari 1938 simu ilifika Vienna kutoka Warner Bros. Walikuwa wametengeneza picha ya rangi, yenye gharama kubwa, The Adventures of Robin Hood. Robin Hood ni mtu wa hadithi za Waingereza, mpiga upinde hodari aliyekaa msituni Sherwood na wenzake, akiwanyang'anya matajiri wadhalimu na kuwapa maskini. Mchezaji wake alikuwa Errol Flynn. Korngold alisafiri pamoja na mkewe Luzi na mtoto wao mdogo Georg. Mtoto mkubwa, Ernst, alibaki Vienna na babu na bibi yake.

Alipofika akaonyeshwa picha, akaikataa. Aliwaandikia wakubwa wa kampuni ya kuwa yeye ni mwanamuziki wa mambo ya moyo, na picha hii karibu yote ni mapigano na mbio. Hawezi kuitungia muziki. Barua ile ilikuwa ya heshima, wala hapakuwa na ugomvi ndani yake. Lau wangaliipokea, angalifunga mizigo na kurudi nyumbani.

Sasa tazameni tarehe. Siku ya 12 Februari 1938 Kurt Schuschnigg, mkuu wa serikali ya Austria, aliitwa na Hitler kule Berchtesgaden akatishwa na kulazimishwa kukubali masharti mazito. Siku ile ile, ng'ambo ya bahari, Leo Forbstein alikwenda nyumbani kwa Korngold kumsihi mara nyingine. Korngold, aliyekuwa na hofu kwa habari zilizokuwa zikitoka kwao, akakubali, kwa sharti moja: afanye kazi juma kwa juma, na kama muziki haumridhishi awe huru kuondoka.

Mwezi mmoja baadaye, tarehe 12 Machi, askari wa Ujerumani wakaingia Austria. Katika barabara za Vienna Wayahudi walilazimishwa kupiga magoti na kusugua mawe ya njia mbele ya watu waliokuwa wakicheka. Maduka na nyumba zao zilichukuliwa. Mali ya Korngold ilichukuliwa vilevile, na opera yake mpya ikakatazwa. Ilipata kuchezwa Stockholm, katika nchi ya Sweden, mwaka 1939. Baba yake, mama yake na mtoto Ernst walifaulu kutoka, wakafika Marekani salama. Karatasi za muziki zilizobaki nyumbani ziliokolewa kwa siri na watu wa wachapaji wake. Na wakati huo wote Korngold alikuwa katika chumba cha giza, akitunga muziki wa mpiga upinde wa msituni anayewacheka wenye nguvu. Yeyote asikilizaye muziki ule wa furaha na ajue uliandikwa katika majuma gani.

Kwa muziki ule alichukua mahadhi ya kazi yake moja ya zamani, Sursum Corda, ambayo watu wa Vienna hawakuipenda ilipopigwa hapo mwanzo. Ikawa sauti ya Robin Hood mwenyewe, na watu waliokuwa hawajapata kuingia katika ukumbi wa muziki maisha yao yote wakaifurahia. Mwanzoni mwa mwaka 1939 picha ile ilipata tuzo ya Oscar kwa muziki wake, na safari hii desturi ilikuwa imebadilika: tuzo ilitiwa mikononi mwa mtunzi. Korngold mwenyewe alisema baadaye kuwa Robin Hood ndiye aliyeokoa maisha yake.

Wakati wa vita alikaa Hollywood, akatunga muziki wa The Sea Hawk, mwaka 1940, na Kings Row, mwaka 1942, na picha nyingine. Muziki wa kumbi kubwa karibu aliuacha kabisa. Alikuwa ameazimu kutouandika mpaka Hitler aondolewe. Baba yake alisikitika. Mzee yule aliyekuwa akiogopwa na mji mzima sasa alikaa ugenini bila gazeti, na kila siku alimwona mwanawe, aliyesifiwa na Mahler, akipima sekunde za maharamia. Mzee alikufa mwaka 1945, mwaka ule ule vita ilipokwisha.

Ndipo Korngold akarudi katika njia ya kwanza. Kitu alichokifanya chastahili kuangaliwa: hakuyatupa mahadhi ya sinema. Katika konseto yake ya fidla alitia mahadhi aliyoyaandika kwa picha nne, Another Dawn, Juarez, Anthony Adverse na The Prince and the Pauper. Aliona kuwa mahadhi mazuri yana haki ya kuishi baada ya picha kusahauliwa. Konseto ile ilipigwa mara ya kwanza na mpigaji mashuhuri Jascha Heifetz katika mji wa St. Louis, tarehe 15 Februari 1947, na watu wakashangilia. Lakini mwandishi mmoja wa New York aliifanyia mzaha. Jina Korngold lina neno dhahabu ndani yake, na mwandishi yule alilichezea jina hilo, akasema kwa maana hii, ya kuwa dhahabu ni kidogo na upuuzi ni mwingi. Mzaha ule ulimfuata miaka mingi.

Sisi twaona hukumu ile haikuwa ya haki. Kama mahadhi ni mabaya, yasemwe kuwa mabaya kwa sababu ya sauti zake. Kusema kwamba ni mabaya kwa kuwa yalisikika kwanza katika nyumba ya sinema ni sawasawa na kukataa chakula kwa sababu ya rangi ya sahani. Hata hivyo tusifiche upande wa pili. Wakati ule watunzi wengi wa Ulaya walikuwa wameuacha muziki wa namna ya zamani, wenye mahadhi marefu, na kutafuta sauti mpya na kali. Korngold hakubadilika. Kwa hiyo, hata kama asingaliiona Hollywood, wako watu ambao wangalimwita mtu wa jana.

Moyo wake ulianza kuugua. Mwaka 1949 alirudi Vienna akitumaini kuanza tena pale alipoachia. Mji ulikuwa umeharibiwa kwa mabomu, jumba la opera lilikuwa limeungua, na watu waliomjua walikuwa wamekufa au wametawanyika. Wengine walimpokea kwa adabu tu. Aliandika simfoni kubwa, akaitoa kwa kumbukumbu ya Rais Franklin D. Roosevelt, mtawala wa nchi iliyompokea. Ilipopigwa Vienna mwaka 1954 wapigaji hawakupewa muda wa kutosha kujizoeza, naye mtunzi alihuzunika kwa jinsi ilivyosikika. Alirudi Hollywood. Hapo alizoea kusema kwa mzaha kuwa alipofika mara ya kwanza aliweza kutunga vizuri kwa sababu hakujua Kiingereza. Sasa anafahamu maneno ya wachezaji!

Alikufa tarehe 29 Novemba 1957, mwenye umri wa miaka sitini. Jumba la opera la Vienna lilipandisha bendera nyeusi. Husimuliwa kuwa mkewe alipopata habari ya bendera ile alisema ya kwamba imechelewa kidogo.

Mwaka 1972 yule mtoto mdogo aliyesafiri na wazazi wake mwaka 1938, Georg, ambaye sasa alikuwa mtengenezaji wa sahani za santuri, alisimamia sahani mpya ya muziki wa sinema wa baba yake, ikiongozwa na Charles Gerhardt. Watu wakainunua kwa wingi. Mwaka ule ule Rudolf Kempe aliiongoza simfoni ile katika mji wa Munich, safari hii kwa matayarisho mema. Mwaka 1975 opera ya ujana wake ikachezwa tena New York. Na konseto ya fidla, ile iliyochekwa, leo hupigwa na wapigaji hodari katika kumbi za ulimwengu mzima.

Ikiwa mtapata nafasi ya kuitazama picha ya Robin Hood, ngojeni mpaka pale anapopanda ukutani usiku kwa kushika mimea, akafika dirishani kwa bibi Marian, wakasemezana kwa sauti ndogo. Kwa muda mchache fumbeni macho, mwaache wao waseme, na ninyi msikilize kinachopita chini ya maneno yao.